Mpishi Hula Mfupa

Katika bucha zetu za uchagani kipande hiki hakina jina. Ukienda kununua nyama ya ng'ombe utaulizwa swali moja: steki au mchanganyiko? Ukisema steki unapewa nyama tupu. Ukisema mchanganyiko, muuzaji ananyanyua shoka, na mbavu, shingo na mgongo vinakatwa juu ya gogo mpaka mizani iseme kilo. Hakuna anayeagiza mbavu tano zikiwa zimeshikana, pamoja na ile steki nene iliyolala juu yake ikiwa haijaguswa na kisu. Hotelini wanakiita kipande hicho praimu ribu. Kwa Wamarekani wengi ni nyama ya Noeli, na Waingereza wana desturi ya kuoka mbavu kama hizo siku ya Jumapili. Baba yangu alikipika kwa miaka 27 katika hoteli moja ya kitalii Arusha. Nyumbani kwetu hakuwahi kukipika hata mara moja, mpaka Noeli iliyopita. Na hata hapo nilipika mimi, yeye akiwa ameketi kwenye kiti ananiongoza kwa maneno.

Baadhi ya ndugu zangu mafrateri waliposikia habari hii waliniomba niwaandikie namna ya kupika. Nitaandika. Lakini sitaweza kuitenga namna ya kupika na mambo mengine yaliyotokea siku ile, kwa hiyo mwenye haraka anivumilie.

Kwanza nyama yenyewe. Ng'ombe ana jozi 13 za mbavu. Kipande tunachozungumzia hutoka ubavu wa 6 hadi wa 12, upande wa mgongoni. Msuli unaopita hapo, sambamba na uti wa mgongo, haufanyi kazi nzito. Ng'ombe hutembea kwa mapaja na mabega, na huko ndiko nyama inakuwa na nyuzi ngumu zinazohitaji kuchemshwa saa nyingi mpaka zilegee. Nyama ya mgongoni haidai hivyo. Inadai moto mpole na mtu asiyeichokonoa kila baada ya dakika tano.

Hotelini, Baba anasimulia, nyama hiyo ilikaa kwenye chumba cha baridi siku nyingi kabla ya kupikwa, nayo ikazidi kuwa laini. Ilitoka oveni ikiwa nzima, ikasukumwa kwenye kigari hadi ukumbini, na yeye akavaa kofia ndefu nyeupe akawakatia wageni mbele ya macho yao. Wapishi hawakuruhusiwa kula chakula cha wageni. Ila mifupa ilirudi jikoni, na mifupa haikuwa na mwenyewe. Waligawana usiku, wamesimama, kabla ya kupanda gari la wafanyakazi. Kwa miaka 27 Baba aliijua praimu ribu kwa mifupa yake tu.

Mwezi Machi mwaka jana alipata kiharusi. Namshukuru Mungu anatembea kwa fimbo na anaongea vizuri, ila mkono wa kulia hauna nguvu ya kushika kisu. Nilipofika likizo, kama siku kumi kabla ya Noeli, aliniambia: "Mwaka huu nataka ile nyama ya hoteli. Utapika wewe."

Ili uelewe kwa nini agizo hilo lilinigusa, lazima nieleze mambo mawili ya kwetu.

La kwanza ni hili. Tangu nilipovaa kanzu, nikifika nyumbani ninageuka mgeni. Mama ananitandikia kitambaa kipya mezani. Shemeji zangu wananiletea maji ya kunawa nikiwa nimekaa. Watoto wa kaka zangu, ambao niliwabeba mgongoni, wananiamkia "Tumsifu Yesu Kristo, Frateri" wakiwa wamenyooka kama wako gwaride. Nikiingia jikoni kuchukua hata ukaa wa moto, mtu atanipokonya koleo mkononi. Wanafanya kwa upendo na sikulalamika kamwe. Lakini mimi ni kitindamimba, na nyumbani kwetu kitindamimba ndiye wa kutumwa. Ukiacha kutumwa unaanza kujiuliza kama bado uko.

La pili ni zito zaidi. Kwa mila ya Wachagga, mtoto wa kiume wa mwisho ndiye anayebaki na nyumba ya baba pamoja na kihamba kinachoizunguka. Wakubwa hutafutiwa pengine au hujitafutia; mdogo hubaki na wazazi, huwatunza, na migomba inakuwa yake. Kaka zangu watatu waliondoka wakijua hivyo. Nami nilikua nikijua kwamba ule mkahawa ulioinama nyuma ya zizi ungekuwa wangu. Mwaka nilipomaliza kidato cha sita nilimwambia Baba kwamba nataka kwenda seminari. Alisema "Sawa", akachukua panga, akaenda kupunguza majani ya migomba mpaka giza likaingia. Hatukuzungumza tena jambo hilo. Wenzangu watasema padre wa jimbo hafungi nadhiri ya ufukara, anaweza kumiliki shamba. Ni kweli kisheria. Ila kihamba hakitunzwi kwa hati. Kinahitaji mtu alale pale, na moto uwake jikoni, na watoto wakimbize kuku. Hilo Baba analijua kuliko mimi.

Basi nikaenda Himo kutafuta nyama. Nilimwendea muuzaji tunayefahamiana nikamwomba mbavu tano za katikati, zisikatwe. Alinitazama, akatazama shoka lake. "Nisikate? Sasa Frateri, mtakulaje?" Nikamweleza. Akauliza kama mifupa nitailipia bei ya nyama. Nikasema ndiyo, kwa bei ya mchanganyiko. Akacheka akatafuta msumeno. Uzito ulikuwa kilo 5 na kidogo, kwa sababu ng'ombe wetu wa asili, huyu mwenye nundu, si mkubwa kama wale wa Ulaya wanaonenepeshwa kwa nafaka. Mafuta yake ni machache na ametembea maili nyingi kutafuta majani. Baba alipoiona alisema tu: "Huyu alikuwa mwanariadha."

Kwa sababu hiyo alitaka ipumzike kabla ya kupikwa. Nyama ya kwetu huchinjwa alfajiri ikaliwa mchana, na hilo ni sababu mojawapo ya ugumu wake. Shangazi ana friji ya soda dukani kwake. Tuliifunga nyama kwa kitambaa safi tukailaza humo siku nne, chini ya chupa, na Shangazi akawa anawaambia wateja kwamba hiyo ni mali ya Kanisa. Siku moja kabla ya Noeli niliitoa, nikaipaka chumvi kila upande, nikairudisha bila kuifunika. Chumvi kwanza huvuta maji nje. Ukiiacha muda wa kutosha maji hayo hurudi ndani yakiwa na chumvi, na juu nyama inabaki kavu. Ukavu huo ni muhimu, nitaeleza. Pilipili manga, vitunguu saumu vilivyopondwa na mafuta kidogo vilipakwa asubuhi. Baba hakutaka kingine. Shemeji alileta pakiti ya viungo vya pilau akaambiwa airudishe.

Hatuna oveni. Tulitumia njia ile ile ambayo mama zetu huokea keki: sufuria kubwa la shughuli, mkaa chini na mkaa juu ya mfuniko. Ndani niliweka mawe matatu, juu yake waya wa kuchomea, juu ya waya nyama, mifupa ikiwa chini na mafuta juu. Mifupa inakuwa kama kitanda. Nyama haigusi waya. Joto Baba alilipima kwa karatasi. Aliniambia nikate kipande cha karatasi nyeupe, nikiweke ndani ya sufuria tupu, nifunike, nihesabu polepole. Karatasi ikigeuka kahawia upesi, moto ni mkali, punguza. Tulipunguza mara mbili. "We mtoto, unaoka au unafua chuma?" Hapo ndipo niligundua kwamba tangu asubuhi hakuniita Frateri.

Tuliirudi misa ya kwanza, tukaiweka nyama motoni saa nne na nusu. Kazi yangu ikawa kuongeza na kupunguza mkaa, kidogo kidogo, kwa saa nne.

Hapa kuna ubishi nataka kuutaja, kwa kuwa wanafunzi wa falsafa tunapenda visababishi. Wapishi wengi, Baba akiwamo, wanaamini kwamba nyama ikichomwa kwa moto mkali juu "inafungwa", maji yasitoke. Dhana hiyo ilienezwa katika karne ya 19 na mwanakemia Mjerumani Justus von Liebig, na imeshajaribiwa mara nyingi ikaonekana si kweli. Nyama iliyokaushwa juu hutoa maji kama nyingine. Sikiliza jinsi inavyochachatika kwenye waya: mlio huo ni maji yanayotoka. Kinachopatikana kwa moto mkali ni rangi na harufu, kutokana na badiliko ambalo Mfaransa Louis-Camille Maillard alilieleza mwaka 1912, na badiliko hilo huchelewa sana mahali penye unyevu. Ndiyo sababu ya ule ukavu wa chumvi. Nilimweleza Baba yote haya nikiwa nimechuchumaa mbele ya jiko. Akafikiri. "Huyo Mjerumani alipikia watu wangapi?" Nikasema sijui. "Basi mwishoni weka moto mkali, sababu utatafuta baadaye." Na kweli, yeye aliyekuwa na sababu isiyo sahihi alikuwa na tendo sahihi, nami nikatii.

Saa ya saba hivi tukaanza kupima. Hotelini walikuwa na kipimajoto. Nyumbani tulitumia spoku ya baiskeli, zile ambazo wauza mishikaki hutungia nyama. Unaichomeka hadi katikati, unahesabu hadi kumi, unaitoa na kuigusisha mdomo wa chini. Ikiwa ya baridi, bado. Ikiwa vuguvugu, nyama ni nyekundu ndani. Ikiwa ya moto kiasi cha kukushtua, imeiva. Baba alikuwa anaigusisha mdomoni mwake kisha mwangu, ili nijifunze tofauti. Mara ya tatu alisema: "Hapa ndipo tulipokuwa tunaitoa." Yaani kwa wageni. Nyama nyekundu katikati, inayotiririka kidogo.

Mama alikuwa mlangoni. "Nyama yenye damu haiwekwi mezani kwangu."

Nilimweleza kwamba ule wekundu si damu, ni rangi ya msuli wenyewe. Damu ilishatoka alipochinjwa. Haikusaidia. Nikamchokoza kwamba watu wanaokunywa kisusio hawapaswi kuogopa damu. Akanijibu kwamba kisusio kimechemka, na kwamba nikienda zahanati nitaonyeshwa watu wenye tegu. Huo ni ukweli usio na mzaha: tegu wa ng'ombe huingia kwa nyama ambayo haikuiva vizuri, na kwetu ugonjwa huo upo. Wazungu wa hotelini walikula nyama yao kwa ukaguzi wao na kwa mazoea yao.

Nilimtazama Baba. Miaka 27 alifundishwa kwamba kuipitisha nyama hiyo pale ni kuiharibu. Ningeelewa kama angetetea kazi yake. Alirudisha mfuniko kwa mkono wa kushoto akasema: "Ongeza mkaa chini, nusu koleo. Tunapikia hapa."

Katika kitabu cha sita cha Maadili ya Nikomako, Aristotle ana hoja ambayo ilinisumbua darasani, na Mtakatifu Tomaso wa Akwino anaichukua anapotofautisha ufundi na busara. Katika ufundi, anayekosea kwa makusudi ni bora kuliko anayekosea bila kujua, kwa maana wa kwanza bado ana ufundi wake. Katika busara ni kinyume. Nilikuwa nimeikariri hoja hiyo kwa ajili ya mtihani bila kupata mfano wake hata mmoja. Mfano ulikuwa pale, kwenye kiti cha plastiki, na fimbo kati ya magoti. Kwa kipimo cha hoteli Baba aliiharibu nyama ile makusudi, akijua dakika aliyoipita. Ufundi wake ulimwambia atoe. Kitu kingine kikamwambia ni nani watakula.

Tulipoitoa, ndani ilikuwa imebaki na waridi hafifu sana katikati, bila wekundu. Niliweka waya juu ya mkaa uliowaka vizuri nikaigeuza nyama pande zote kwa dakika chache, mpaka mafuta ya juu yakawa kahawia na kuchachatika. Kisha ikapumzishwa nusu saa chini ya sufuria iliyopinduliwa. Msiruke hatua hii. Joto la nje huendelea kuingia katikati hata nje ya moto, na ukikata mapema maji yote yanaishia kwenye kibao. Watoto walizunguka ile sufuria kama makuku. Baba aliweka fimbo juu yake.

Katika nusu saa hiyo nilikumbuka wana wa Eli. Ndugu msomaji, kama hujasoma karibuni sura ya pili ya Samweli wa Kwanza, isome ukiwa na njaa. Hofni na Finehasi walikuwa makuhani, na dhambi yao ya kwanza inayosimuliwa pale inahusu nyama. Mtumishi wao alikuja na uma wa meno matatu kuchota kutoka kwenye chungu cha mtu aliyetoa sadaka. Halafu wakazidi: wakadai wapewe nyama mbichi kabla ya mafuta kuteketezwa kwa ajili ya Bwana, kwa sababu kuhani hakutaka iliyochemshwa. Alitaka ya kuoka. Na mtu akikataa, walichukua kwa nguvu. Nimesikia mahubiri mengi juu ya makuhani hao na dhambi zao nyingine. Juu ya nyama sijasikia. Labda kwa sababu sisi tunaoelekea huko tunajua jinsi finyango nzuri inavyotufuata bila hata ya kudai. Hatuhitaji uma wa meno matatu. Tunaletewa kwenye sahani yenye kifuniko.

Saa tisa tukaketi. Tulikuwa watu 19. Mbavu tano hazishibishi watu 19, kwa hiyo kulikuwa na machalari, pilau, na mbuzi aliyechinjwa mkesha. Lakini macho yalikuwa kwenye kibao.

Hapo ndipo nilipoelewa jambo ambalo sikuwa nimeliona kwenye bucha. Mchuzi unasamehe. Akija mgeni unaongeza maji na viazi, na hakuna ajuaye nani amepata vipande vitatu na nani kimoja. Shoka la bucha nalo lina haki yake, kila shilingi hupata mfupa wake na nyama yake. Lakini nyama nzima iliyookwa hukatwa mbele ya wote, na ndani yake kila mahali si sawa. Pembeni imeiva zaidi na ina chumvi. Katikati ni laini. Juu kuna mafuta yaliyokauka. Huwezi kuigawa sawa hata ukitaka. Unaweza kuigawa tu kwa kumjua kila mtu. Aristotle, kitabu cha tano, anasema haki ya kugawa hufuata uwiano wa watu, na nilikuwa nimezoea kufikiri juu ya vyeo na fedha za serikali.

Nilishika kisu. Baba akanyoosha kidole cha mkono wa kushoto. Nikaanza kwa kutenganisha nyama na mifupa, kisu kikifuata mkunjo wa mbavu. Kisha vipande.

"Huo wa pembeni, wa Mama yako." Ulikuwa umeiva kabisa. Mama akautazama, akaridhika.

"Katikati, mwembamba sana, wa Shangazi." Shangazi amebakiwa na meno machache, na mwenye friji hasahauliki.

"Mafuta, watoto." Wakapiga kelele.

Akaendelea hivyo, mtu kwa mtu, hata mchumba wa binti wa kaka yangu mkubwa, ambaye hakuna aliyejua kwamba Baba ameshika jina lake. Yeye mwenyewe alipewa kipande cha katikati, alichokaa nacho bila kukila. Nadhani alikuwa anakitazama tu.

Kulibaki kidari cha mbuzi. Kwetu kidari ni cha Baba. Kila Noeli tangu nina akili huwekwa mbele yake, anakata kidogo, kisha anampa anayetaka kumheshimu. Miaka minne mfululizo alinipa mimi, Frateri. Safari hii hakukata. Alikisukuma chote, sahani na kidari, mpaka mbele ya kaka yangu wa tatu, yule fundi umeme anayeishi Moshi mjini na mke wake na watoto wawili. Mazungumzo yalikatika. Hakuna aliyehitaji kuelezwa. Kaka alitazama sahani, akanitazama mimi, akasema kwa sauti ndogo, "Asante, Baba." Mke wake aliinamisha kichwa.

Sitasema sikuumia. Nilijua siku hiyo itakuja, tena mimi ndiye niliyeileta kwa miguu yangu, na kaka yangu ni mtu mwema ambaye migomba itamfurahia. Lakini kujua ni jambo moja, na kuona mahali pako pakisukumwa mezani kwa mkono wa kushoto wa baba yako ni jambo jingine. Nikamfikiria Haruni, ambaye katika kitabu cha Hesabu anaambiwa kwamba hatakuwa na urithi katika nchi, na katika Mambo ya Walawi yeye na wanawe wanapewa kidari cha sadaka na paja la kulia. Mimi sikupata hata kidari. Nilikuwa bado nimesimama, kisu mkononi, sahani yangu tupu.

"Na wewe kaa," Baba akasema. Akaninyooshea kidole kwenye kibao, ambako mbavu tano zilibaki zimeshikana, na nyama nyembamba kati ya mfupa na mfupa. "Mpishi hula mfupa."

Watoto wakacheka, wakidhani nimepewa adhabu. Mama alifikiri Baba amesahau heshima, akaanza kusema, "Lakini Frateri...", na Baba akamkatiza kwa kutikisa kichwa. Nikakaa. Nikakata ubavu wa kwanza, nikampa yeye. Aliushika kwa mkono wa kushoto, akaula taratibu mpaka ukawa mweupe. Mimi nikachukua wa pili. Nyama iliyo karibu na mfupa ni ngumu kidogo, ina mafuta, ina ladha ya moshi na chumvi ambayo vipande vya katikati havina. Hotelini hawakujua walichokuwa wanarudisha jikoni.

Baada ya kula hakuna aliyenipokonya vyombo. Niliosha sufuria lile la shughuli mimi mwenyewe, na lilikuwa jeusi.

Kesho yake, sikukuu ya Mtakatifu Stefano, Mama aliitia mifupa kwenye chungu cha mtori. Wakati ndizi zinaiva kaka yangu wa tatu aliniita nje. Alitaka nimwonyeshe masale ya mpaka wa chini, kule kwenye mfereji, kwa sababu yeye alikwenda shule ya bweni mapema na hajui vizuri yanapoishia. Nilimpitisha sale moja baada ya jingine. Karibu na mwisho moja lilikuwa limekauka. Alikata tawi kutoka kwa lile la jirani yake, mimi nikachimba, yeye akashindilia udongo kwa kisigino. Mvua ilikuwa imekatika tangu wiki iliyotangulia, kwa hiyo akaniambia nikimbie nyumbani nikalete ndoo ya maji.